Je, Shahidi Ana Haki ya Kunyamaza Asijitie Hatiani?

Sifa zote njema anastahiki Allah (Subhanahu wa Ta'ala), na rehma na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (Swalla Allahu 'alayhi wa sallam), jamaa zake na Maswahaba zake.

Ama baada ya hayo. Katika masuala yanayotufikia baada ya darsa, hapa Mji Mkongwe na huko mashamba, limo la namna hii: mtoto amedhalilishwa na mtu wa karibu. Wazee wamekaa kikao, zimetolewa fedha za "kuyamaliza", na mama amezipokea. Baadaye kesi imefika Polisi kwa njia nyengine, na sasa mama ameletewa hati ya wito aende mahkamani Mwanakwerekwe kutoa ushahidi. Anauliza: nikisema kweli, zile fedha zitajulikana. Si dini imetuamrisha kujisitiri? Na si sheria inasema mtu halazimishwi kujishtaki mwenyewe?

Yote mawili aliyoyataja yana asili. Lakini hayamfikishi anapotaka kufika, na tutaeleza kwa nini.

Sitara katika dini

Ni kweli kwamba Uislamu haumfukuzii mja aungame. Katika Bukhari na Muslim kimo kisa cha Maiz bin Malik (Radhiya Allahu 'anhu) aliyekuja mwenyewe kukiri zinaa. Mtume (Swalla Allahu 'alayhi wa sallam) alimpa mgongo mara baada ya mara mpaka akakiri mara nne. Akaulizwa kama ana wazimu, akaulizwa kama labda alibusu tu. Hayo si maneno ya anayemtafutia mtu hatia, bali ya anayemfungulia mlango wa kutokea. Ndiyo maana waliosoma Minhaji ya Imam Nawawi wanajua kuwa kadhi anaweza kumdokeza aliyekiri arejee kauli yake katika haki ya Allah, na kwamba ikrari ya aliyelazimishwa haisihi. Imepokewa pia kutoka kwa Sayyidna Umar (Radhiya Allahu 'anhu), kwa maana yake, kwamba mtu haaminiki juu ya nafsi yake akiwa ameshindishwa njaa, ametishwa au amefungwa.

Basi anayemtoa mtu maneno kwa kipigo asidhani anaitumikia haki. Si katika sharia yetu wala katika sheria ya nchi.

Sitara haili haki ya mtu

Lakini yote hayo ni katika dhambi iliyo baina ya mja na Mola wake. Haki za binadamu zina hukumu nyengine. Mwenye kukiri wizi kisha akarejea kauli, adhabu ya hadi inaweza kumuondokea, ila mali ya watu iko shingoni mwake mpaka airejeshe. Na Aya ya 135 ya Suratun Nisaa inawataka Waumini wasimamishe uadilifu na washuhudie kwa ajili ya Allah hata dhidi ya nafsi zao, wazazi wao na jamaa zao.

Tuzingatie: Aya haikuishia kwenye nafsi. Imewataja na wazazi na jamaa, kwa sababu hapo ndipo sisi watu wa visiwani tunapokwama. Tunauita muhali. Ami asiaibike, jirani asifungwe, ukoo usisemwe. Siku ya kesi inafika, shahidi amesahau kila kitu, na mtoto amepelekwa shamba kwa bibi yake. Huo si usitiri. Aya ya 283 ya Suratul Baqara inasema moyo wa anayeficha ushahidi umeingia dhambini, na iliyo kabla yake inawakataza mashahidi kukataa wanapoitwa. Aya hiyo hiyo ikakataza shahidi asidhuriwe. Anayemtisha au kumsusa mama aliyekwenda mahkamani ana sehemu yake katika makatazo hayo.

Sheria ya nchi

Hapa watu huchanganya mshtakiwa na shahidi. Kwa Katiba ya Zanzibar ya 1984, kifungu cha 12, mshtakiwa hahesabiwi kuwa na hatia mpaka ithibitike. Mzigo wa kuthibitisha ni wa anayedai, nayo ni kanuni tunayoijua katika fiqhi: bayana ni juu ya mwenye kudai.

Shahidi si mshtakiwa. Sheria za ushahidi za Afrika Mashariki, Zanzibar ikiwemo, zilichukua kigezo chake kutoka Sheria ya Ushahidi ya India ya 1872. Kwa kanuni iliyotoka huko, shahidi hakatai kujibu suala linalohusu kesi kwa hoja kwamba jawabu litamtia hatiani. Lakini jawabu alilolazimishwa kulitoa halitumiwi kumkamata, kumshtaki wala kuwa ushahidi dhidi yake katika kesi ya jinai, isipokuwa akishtakiwa kwa kusema uongo mahkamani.

Ngao hiyo ina mipaka. Inakinga jawabu alilolazimishwa, si maneno aliyoyasema kwa hiari yake barazani, wala haifuti ushahidi wa watu wengine. Wala haimkingi muongo.

Afanye nini mama huyu?

Kwanza, aitikie wito na aseme kweli. Haki ni ya mtoto, na mama hana mamlaka ya kuiuza.

Pili, kabla ya siku ya kesi amuone wakili, amueleze habari ya fedha bila kuficha, naye amuoneshe inavyosema Sheria ya Ushahidi ya Zanzibar ya 2016. Asiye na uwezo aulize Kituo cha Huduma za Sheria Zanzibar au Jumuiya ya Wanasheria Wanawake, ZAFELA.

Tatu, atubie. Suluhu inafaa baina ya Waislamu ila inayohalalisha haramu, na fedha ya kunyamazia dhulma si halali. Asizile. Aziweke kando, wala asimrejeshee mtu kimyakimya kabla ya kusema na wakili, kwani huenda nazo ni ushahidi.

Nne, sisi wengine tuliokaa kile kikao tujiulize. Mama alipokea, lakini nani walihesabu fedha?

Tunamuomba Allah awahifadhi watoto wetu na atupe ulimi wa kweli siku ambayo viungo vyetu wenyewe vitatushuhudia.

Wallahu a'lam.