Damu Chooni Si Jambo la Kufichwa

Wengi wetu tuonapo damu chooni, husema ni bawasiri, tukanyamaza. Haya ni pambo la muumini, lakini mbele ya tabibu kunyamaza ni dhara.

Kuharisha kwa wiki nyingi, damu, msokoto wa tumbo na kukonda huenda vikawa dalili za maradhi sugu ya kuvimba utumbo, kama yale ya Crohn. Kwetu Afrika Mashariki, kifua kikuu cha utumbo hufanana nayo mno. Na dawa za Crohn zipunguzazo kinga ya mwili huweza kukichochea. Ndipo katika hospitali kama Aga Khan, Parklands, Nairobi, utumbo huchunguzwa kwa kamera, na vipande vidogo vya nyama yake hupimwa maabara kabla ya tiba.

Utumbo ukiziba au kutunga jipu, upasuaji huenda ukahitajika. Homa kali pamoja na tumbo kujaa ghafla ni dharura, tusingoje kupambazuke.

Wala tusiache dawa kwa ajili ya saumu: Mola wetu amemruhusu mgonjwa kulipa siku nyingine. Tushauriane na tabibu mapema, kabla Ramadhani haijaingia.