Matete ya Ufuko wa Rumonge: Jina, Mmea na Ukanda wa Mita 150

Katika ufuko wa Ziwa Tanganyika upande wa Burundi, kuanzia Rumonge kuelekea kusini, penye mchanga na midomo ya mito huota mmea mrefu wa kudumu ambao wasemaji wa Kiswahili huuita matete. Wanabotania huutambua kwa jina la Phragmites mauritianus. Makala hii inaeleza namna mmea huo unavyoushikilia ufuko, na namna upana wa maana ya neno matete unavyoweza kuivuruga kazi ya kuurejesha pale ulipong’olewa.

Nguvu ya matete haiko katika shina linaloonekana, ingawa shina hilo huweza kupita mita 6 kwa urefu na kubeba shuke kubwa la maua. Iko katika rizomu, yaani shina litambaalo chini ya ardhi. Rizomu husonga mbele ndani ya mchanga, na kila fundo lifunikwapo huweza kutoa mizizi na chipukizi jipya. Kwa hiyo mchanga unaoletwa na mto, ambao ungeiua mimea mingine kwa kuizika, kwa matete huwa ndio mahali pa kuenea. Uwazi ulio ndani ya mashina nao hupitisha hewa hadi kwenye mizizi iliyo majini. Mawimbi yakifika penye kichaka kizito cha matete hupungua kasi, na udongo hutua kabla ya kuingia katika maji ya kina kifupi ambamo samaki wachanga hujificha.

Jambo hilo lina uzito wa pekee Rumonge. Milima iko karibu na ziwa, na mito kama Dama na Murembwe hushuka kwa mwendo mfupi, ikibeba udongo wa mashamba. Michikichi na mihogo hulimwa karibu na maji. Isitoshe, ziwa lenyewe halitulii: njia yake pekee ya kutokea maji ni mto Lukuga, upande wa Kongo, na kina chake hupanda na kushuka kwa kufuata mvua. Mwaka 2024 maji yalipanda hadi kuingia katika makazi ya ufukweni, Rumonge ikiwamo.

Sheria ya Maji ya Burundi ya mwaka 2012 iliweka ukanda wa hifadhi wa mita 150 kuzunguka ziwa hili. Ni hatua njema. Hata hivyo, mita hupima upana tu, hazielezi kinachoota ndani yake. Ukanda uliofyekwa na ukanda wenye matete vina upana uleule.

Hapo ndipo suala la istilahi linapojitokeza. Katika Kiswahili, matete hutajwa pia kwa maana ya Pennisetum purpureum, nyasi ya malisho ambayo Warundi huiita urubingo. (Kwa mafunjo hakuna utata huo: urufunzo wa Kirundi ni ndugu wa neno hilo kwa sauti na kwa maana.) Urubingo hupandwa kwenye makinga ya vilima kuzuia mmomonyoko, na huko hufanya kazi yake vizuri. Lakini haustahimili kusimama majini kwa muda mrefu. Mradi ulioandikiwa “kupanda matete ufukweni” unaweza, bila hila ya yeyote, kununua miche ya urubingo, na miche hiyo ikafa katika msimu wa kwanza wa mafuriko. Waraka wa sera unaotumia Kiswahili hauna budi kutaja jina la kisayansi walau mara moja, au kusema “matete ya majini”. Gharama yake ni maneno mawili.

Kosa jingine ni kuyahesabu matete kuwa magugu tu, sawa na gugu maji lililotoka Amerika ya Kusini. Matete ni mwenyeji, na ana wateja: watu huyakata kwa ajili ya nyua, mikeka na mapaa. Ukataji huo si lazima upigwe marufuku, kwa kuwa shina lililokatwa huchipua tena maadamu rizomu ni nzima. Kinachomaliza kichaka ni jembe linalochimbua rizomu ili kupata shamba au kiwanja. Kanuni za ukanda zikitenganisha panga na jembe, mfumaji wa mikeka ataendelea kupata malighafi yake, na mkaguzi atajua anachotafuta anapofika ufukweni.