Kivumishi cha Kiingereza 'Inchoate': Maana, Matumizi na Suala la Kisawe Chake katika Kiswahili cha Sheria

Ikisiri

Makala haya yanachunguza kivumishi cha Kiingereza 'inchoate', neno ambalo ni nadra katika mazungumzo ya kila siku lakini lina nafasi ya kudumu katika lugha ya sheria. Makala yanafuatilia asili ya neno hilo katika Kilatini, yanabainisha maana zake tatu na kuonesha jinsi umbo lake lilivyowapotosha hata wasemaji wa Kiingereza wenyewe. Hoja ya msingi ni kwamba neno hili halina kikanushi ndani yake. Kiini chake ni kuanza, wala si kutokamilika. Kwa hiyo, tafsiri ya mkato kama 'makosa yasiyokamilika' inaweza kupotosha fundisho muhimu la sheria ya jinai. Makala yanapendekeza kisawe tofauti kwa kila muktadha, ikiwemo istilahi 'makosa tangulizi' kwa upande wa jinai.

Maneno muhimu: kisawe, istilahi, tafsiri ya sheria, etimolojia, makosa tangulizi

1.0 Utangulizi

Mwaka 2021 Tanzania ilirekebisha Sheria ya Tafsiri ya Sheria, Sura ya 1, na kukifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya utoaji haki. Nchini Kenya, Katiba ya mwaka 2010 inakitambua Kiswahili kuwa lugha ya taifa na pia lugha rasmi sambamba na Kiingereza. Hatua hizi zimewakabidhi wafasiri na wanaistilahi mzigo mkubwa: kuhamisha katika Kiswahili dhana ambazo zimekaa katika Kiingereza cha sheria kwa karne nyingi.

Ugumu wa kazi hii hauko katika maneno marefu peke yake. Mara nyingi neno linalomkwaza mfasiri ni lile linaloonekana jepesi, ambalo kamusi hulipa kisawe kimoja na msomaji akaridhika. 'Inchoate' ni mojawapo ya maneno hayo. Mzungumzaji wa kawaida wa Kiingereza anaweza kumaliza mwaka bila kulitamka, lakini mwanafunzi wa sheria hukutana nalo mapema katika masomo yake.

2.0 Asili ya neno

Neno hili liliingia katika Kiingereza katika karne ya 16 kutoka kitenzi cha Kilatini 'incohare', chenye maana ya kuanza. Baadaye kitenzi hicho kiliandikwa pia 'inchoare', na tahajia hiyo ya pili, iliyohamisha herufi h, ndiyo iliyorithiwa na Kiingereza. Licha ya tahajia hiyo, 'ch' hutamkwa kama k.

Kwa mujibu wa maelezo yanayokubaliwa na wanaetimolojia wengi, kitenzi hicho kina sehemu mbili. Ya kwanza ni kiambishi 'in-' chenye maana ya ndani ya au kwenye. Ya pili ni 'cohum', yaani ukanda uliofunga mti wa plau kwenye nira ya maksai. Kwa asili, basi, picha iliyomo katika neno hili ni ya mkulima asubuhi shambani: maksai wamefungwa nira, plau imeunganishwa, lakini mfereji wa kwanza haujachimbwa. Kazi imeanza, ingawa jicho bado haliyaoni matunda yake.

Picha hiyo inaeleza jambo ambalo fasili nyingi fupi hulipita. Mkulima aliyekwisha kufunga nira hawezi kulinganishwa na mkulima aliyelala nyumbani. Shamba la kila mmoja bado halijalimwa, lakini mmoja wao ameshaingia kazini.

3.0 Maana tatu

Katika Kiingereza cha leo, neno hili lina maana tatu zinazoweza kutenganishwa. Ya kwanza, iliyo karibu zaidi na asili, ni -a mwanzoni, -lioanza tu. Vuguvugu la kisiasa linaloitwa 'inchoate' ni lile lililokwisha kujitokeza lakini bado halina viongozi wala mpango.

Maana ya pili ni -siokuwa na umbo kamili. Hii hutumika zaidi kwa fikra na hisia: mtu anaweza kuwa na hofu au tamaa anayoihisi moyoni, lakini hana maneno ya kuieleza. Waandishi wa riwaya na wahakiki wa fasihi wanalipenda neno hili kwa sababu hiyo.

Maana ya tatu ni -liovurugika, -siokuwa na mpangilio. Maana hii ni ya baadaye, na inaelekea ilichochewa na mfanano wa umbo kati ya neno hili na 'chaos', yaani vurugu, pamoja na 'incoherent', yaani -sioshikamana. Kietimolojia hakuna undugu kati ya maneno hayo. Hata hivyo, kamusi za kisasa zinaitambua maana hiyo kwa kuwa watumiaji wamekwisha kuikubali, japokuwa baadhi ya wahariri bado huiepuka.

Mfuatano wa maana hizi una mantiki. Kilichoanza tu hakijapata umbo, na kisicho na umbo huonekana kimevurugika. Lakini kila hatua inamwondoa msomaji zaidi kwa mkulima na nira yake.

4.0 Kiambishi kinachopotosha

Kilatini kina viambishi viwili vyenye umbo la 'in-': kimoja huonesha mahali au mwelekeo, kingine ni cha ukanushi. Kiingereza kiliazima vyote viwili, na umbo moja likabeba kazi mbili. Mfano unaofahamika ni 'inflammable', ambalo maana yake ni -epesi kushika moto. Kwa hofu kwamba watu wangelielewa kuwa ni -sioshika moto, watu wa usalama wa moto katika karne ya 20 walihimiza matumizi ya 'flammable' badala yake.

Mkanganyiko huohuo ulilipata 'inchoate'. Kwa kudhani kuwa 'in-' ni kikanushi, baadhi ya wanasheria walikiondoa na kupata 'choate', kwa maana ya -liokamilika. Neno hilo lililozaliwa kwa kosa limepata makazi katika sheria ya Marekani. Katika shauri la United States v. City of New Britain la mwaka 1954, Mahakama ya Juu ya nchi hiyo ilitumia kigezo hicho kuhusu haki ya mdai juu ya mali ya mdaiwa: haki hiyo huwa imekamilika pale mwenye haki, mali inayohusika na kiasi cha deni vinapojulikana bila shaka.

Msemaji wa Kiswahili hana sababu ya kuwacheka wanasheria hao. Kiswahili kilichukua 'mudguard' kikapata 'madigadi', kisha 'ma-' ikadhaniwa kuwa kiambishi cha wingi, na umoja ukawa 'digadi'. Vilevile 'keep left' ilizaa 'kipilefti', na wingi wake 'vipilefti'. Hata 'kitabu', ambacho silabi yake ya kwanza ni sehemu ya mzizi wa Kiarabu, kina wingi 'vitabu'. Lugha zote huyasoma maneno ya kigeni kwa miwani ya mofolojia yake. Tofauti ni kwamba kosa la 'digadi' halimdhuru mtu, ilhali kosa kuhusu 'inchoate' linaweza kufika mahakamani.

5.0 Matumizi katika sheria

5.1 Sheria ya jinai

Katika mafunzo ya sheria ya jinai ya mapokeo ya Kiingereza, kivumishi hiki hujumuisha makosa matatu: kujaribu kutenda kosa, kula njama na kushawishi mtu mwingine atende kosa. Kanuni za Adhabu za Afrika Mashariki zinayashughulikia moja moja. Jaribio, kwa mfano, limefasiliwa katika kifungu cha 380 cha Kanuni ya Adhabu ya Tanzania na kifungu cha 388 cha ile ya Kenya. Kwa ufupi, anayekusudia kutenda kosa, akaanza kutekeleza kusudi lake kwa njia zinazofaa na akalidhihirisha kwa kitendo cha wazi, huhesabiwa kuwa amejaribu kulitenda hata kama hakulifikisha mwisho.

Mambo mawili yanahitaji kusisitizwa. Kwanza, kitenzi kinachobeba fasili hiyo ni kuanza. Nchi za mapokeo ya Kifaransa na Kibelgiji zinakutana na Kiingereza hapohapo: Kanuni ya Adhabu ya Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo nayo inalitambua jaribio kwa matendo ya nje yaliyo mwanzo wa utekelezaji. Pili, na hili ndilo kubwa zaidi, jaribio lenyewe ni kosa lililokamilika. Kilichokosa kukamilika ni wizi au mauaji yaliyokusudiwa. Mtu aliyevunja kufuli usiku akakamatwa kabla ya kuingia ndani hakutenda nusu ya kosa. Ametenda kosa zima la kujaribu, lenye vipengele vyake na adhabu yake. Hali kadhalika, njama hukamilika makubaliano yanapofikiwa, hata kama walioafikiana hawakunyanyua mguu.

5.2 Hati za malipo

Kifungu cha 20 cha Sheria ya Uingereza ya mwaka 1882 kuhusu hati za malipo kinatumia neno hili katika kichwa chake. Kinahusu karatasi iliyotiwa saini na kukabidhiwa mtu ili aigeuze kuwa hati ya malipo. Anayeipokea huchukuliwa kuwa ameruhusiwa kujaza yaliyobaki, kwa sharti kwamba aijaze ndani ya muda unaofaa na kwa kufuata idhini aliyopewa. Sheria ya Kenya, Sura ya 27, imefuata mfano huo. Mfanyabiashara anayemwachia karani wake hundi yenye saini bila kiasi anaijua hatari ya hati ya namna hiyo, hata kama hajawahi kulisikia jina lake la Kiingereza.

5.3 Madai ya ardhi kati ya mataifa

Mwaka 1928 mwamuzi Max Huber alitoa uamuzi kuhusu kisiwa cha Palmas, kilichogombaniwa na Marekani na Uholanzi. Marekani ilitegemea haki ya Uhispania, iliyotokana na kukigundua kisiwa. Huber aliona kwamba ugunduzi, hata ukikubaliwa kuwa chanzo cha haki, hutoa hatimiliki iliyo 'inchoate' tu, ambayo haina budi kukamilishwa kwa kukitawala kisiwa hicho kwa vitendo ndani ya muda unaofaa. Kisiwa kikawa cha Uholanzi. Dhana ya kutawala kwa vitendo si ngeni kwa Afrika, kwani Mkutano wa Berlin wa 1884–1885 uliifanya kuwa sharti kwa mataifa ya Ulaya yaliyotwaa maeneo mapya katika pwani za bara hili.

6.0 Kutafuta kisawe

Uchambuzi huu unaonesha kwamba kisawe kimoja hakiwezi kutosheleza miktadha yote. Kwa hatimiliki ya Palmas, kivumishi -changa kinafaa sana. Kitu kichanga kimekwisha kuzaliwa au kuota; kinaweza kukua, kinaweza pia kufa kisipotunzwa. 'Hatimiliki changa' inabeba masharti yote mawili. Kivumishi hichohicho kinatosha kwa vuguvugu, wazo au taasisi iliyoanza tu.

Kwa hati za malipo, ukanushi unakubalika, maana mkazo wa sheria uko juu ya kile kinachokosekana. 'Hati isiyojazwa kikamilifu' inaeleweka na mwanasheria na mfanyabiashara pia. Kwa hisia na fikra, mfasiri wa fasihi ana uhuru zaidi: hisia zisizo na jina, wazo ambalo bado halijaiva, ghadhabu isiyojua pa kuelekea.

Ugumu uko katika jinai. 'Makosa yasiyokamilika' ni tafsiri ya haraka, lakini inasema kinyume cha sheria. Hakimu chipukizi aliyelelewa katika istilahi hiyo anaweza kudhani kuwa kuna kipengele kilichopungua katika ushahidi, na mshtakiwa anayeelezwa kwa maneno hayo anaweza kukana kwa dhati kwamba hakukamilisha kitu. 'Makosa changa' yanaashiria makosa madogo, wakati jaribio la kuua si dogo hata kidogo. 'Makosa ya maandalizi' yanafuta mpaka ambao sheria imeuweka kati ya kujiandaa na kuanza. 'Makosa ya mwanzo' yangekuwa karibu na asili, lakini nchini Tanzania yangegongana na Mahakama ya Mwanzo.

Makala haya yanapendekeza 'makosa tangulizi'. Kivumishi hiki kinatokana na kutangulia, kinaeleza uhusiano wa matendo haya na kosa lililokusudiwa, na hakidai kwamba yamepungukiwa. Pingamizi moja lina uzito: katika sheria za utakatishaji wa fedha, istilahi hiyo inaweza kuvuta dhana ya kosa lililozaa fedha haramu. Kwa dhana hiyo ya pili, 'kosa chimbuko' litafaa zaidi, kwa kuwa uhusiano wake na fedha ni wa chanzo na matokeo. Mgawanyo huo ukizingatiwa, kila istilahi itabaki katika uwanja wake.

7.0 Hitimisho

Historia ya 'inchoate' inatoa fundisho kwa uundaji wa istilahi. Neno lililotoka shambani, kwenye nira ya maksai, lilisomwa vibaya na wenye lugha yenyewe kwa sababu ya kiambishi kimoja. Mfasiri anayelisoma kwa umbo lake pekee atalirithi kosa hilo na kulipandikiza katika Kiswahili. Ni muhimu, kwa hiyo, kamusi za sheria zinazoandaliwa katika ukanda huu zitenganishe maana kwa muktadha, na kila istilahi ipimwe kwa swali moja kabla ya kusanifishwa: je, mtu aliyesimama kizimbani akiisikia kwa mara ya kwanza, ataelewa anachoshtakiwa?