Mtoro wa Nyange

Kwenye tamthilia za kuwasaka wahalifu wa vita, mtoro hunaswa sehemu ya mwisho. Fulgence Kayishema, inspekta wa zamani wa polisi Rwanda, alinaswa Mei 2023 huko Paarl, Afrika Kusini, baada ya miaka zaidi ya 20 mafichoni. Anatuhumiwa kwa mauaji ya Watutsi waliokimbilia kanisa la Parokia ya Nyange, Aprili 1994. Kanisa lilibomolewa kwa tingatinga wakiwamo ndani. Lakini sisi mafrateri wa Ludewa tunaumizwa zaidi na paroko, Padre Athanase Seromba. Alihamia Italia, akabadili jina, akaendelea na huduma ya kipadre! Alijisalimisha Arusha mwaka 2002. Mwaka 2008, kwenye rufani, akahukumiwa kifungo cha maisha.