Kiti cha NBA hukaliwa miaka mingapi?

Ukiuliza mchezaji hudumu muda gani katika NBA, ligi ya kikapu ya Marekani, jibu utakalopewa mara nyingi ni miaka minne na nusu hivi. Kijana wa Kakuma au Lodwar, Turkana nchini Kenya, akisikia hivyo hudhani kwamba mwili ndio huchoka ukifika hapo: goti likaisha, basi. Mwili una sehemu yake, lakini wastani huo hutokana kwanza na hesabu ya viti.

Ligi ina timu 30, na kila timu ina mikataba kamili 15. Jumla ni viti 450, wala haviongezwi kwa kuwa vipaji vimeongezeka duniani. Anayeingia humtoa mwingine. Tuseme wageni 100 wanaingia kila mwaka: gawa 450 kwa 100, unapata 4.5, hata kama magoti ya wote ni mazima. Mikataba nayo husukuma upande huohuo. Aliyechaguliwa raundi ya kwanza ya drafti, yaani uteuzi wa wachezaji wapya, huwa na uhakika wa miaka miwili; wa tatu na wa nne ni juu ya timu kuamua. Wa raundi ya pili hana hata uhakika huo. Kijana anaweza kuachwa akiwa na miaka 23, nguvu zote zipo, na hajafikisha misimu mitatu inayompa mtu haki ya pensheni ya ligi.

Halafu wastani huficha mengi. Dikembe Mutombo wa Kinshasa alicheza misimu 18, goti likamstaafisha mwaka 2009 akiwa na miaka 42. Luol Deng, mzaliwa wa Wau, alicheza 15. Manute Bol 10. Hasheem Thabeet, Mtanzania wa kwanza kufika huko, alichaguliwa wa pili mwaka 2009, mbele ya James Harden na Stephen Curry, na akacheza misimu mitano tu.

Thabeet alianza kikapu Dar es Salaam akiwa tayari kijana wa miaka 15 hivi. Mwaka 2014, akiwa na miaka 27, safari yake ya NBA ilikuwa imekwisha. Sasa mtazame Duop Reath. Alizaliwa Waat, Sudan Kusini ya leo, mwaka 1996, akakimbilia Kenya na familia yake akiwa mtoto, kisha wakahamia Australia. Alicheza Serbia, akacheza Australia, akapata nishani ya shaba ya Olimpiki ya Tokyo na timu ya taifa ya Australia, ndipo mwaka 2023 timu ya NBA ya Portland ikampa nafasi. Umri wake wakati huo? Miaka 27. Pale mmoja alipotoka ndipo mwingine alipoingia. Thabeet mwenyewe hakuacha kikapu: baadaye alilipwa kucheza Japani na Taiwan. Anayehesabu miaka ya NBA peke yake anaacha nje sehemu kubwa ya maisha ya kazi ya mchezaji.

Kwa Turkana, kuanzia Kerio karibu na ziwa hadi Kakuma na Kalobeyei, naona tatizo kubwa liko mwanzoni. Mtoto wa Marekani anaweza kuwa na kocha tangu ana miaka minane. Hapa jua la mchana halimruhusu mtu kucheza nje, kwa hiyo mazoezi ni alfajiri na jioni. Anayeanza akiwa na miaka 16, ameshakuwa mrefu na mzito, hulazimika kujifunza kuruka, kutua na kugeuka kwa mwili ambao tayari unayaelemea magoti na nyayo.

Mkimbizi wa Kakuma au Kalobeyei ana mzigo wa ziada. Ili atoke kambini kwenda kwenye majaribio Nairobi anahitaji kibali cha kusafiri, na kusubiri karatasi kunaweza kumpotezea msimu mzima. Tena wakimbizi wengi waliandikishwa kuwa wamezaliwa tarehe 1 Januari, kwa sababu tarehe halisi haikujulikana. Hilo si jambo dogo. Timu hununua miaka iliyobaki. Kwao kijana wa miaka 19 na wa 22 hawana bei moja hata wakilingana uwanjani. Shaka juu ya umri humpunguzia mtu thamani ingawa hakudanganya. Ndiyo maana nawaomba makocha wa Turkana watunze rekodi za shule na za mashindano tangu mapema.

Viti vingine vipo nje ya NBA. Sudan Kusini iliyoishinda Puerto Rico 90 kwa 79 kwenye Olimpiki ya Paris mwaka 2024 ilikuwa na wachezaji wengi wanaoishi kwa mishahara ya ligi za nje ya NBA. Ligi ya Afrika, BAL, ilianza 2021; Cobra Sport ya Juba ilicheza 2022, na Nairobi City Thunder ikawa klabu ya kwanza ya Kenya kushiriki, mwaka 2025. Lakini msimu wa BAL ni mfupi, na mshahara wa miezi michache haulishi familia mwaka mzima.

Kwa hiyo mzazi akiletewa mkataba na wakala, asianze na jina la timu. Aulize mshahara ni wa miezi mingapi, nani atalipia upasuaji goti likiumia, na kijana atasomea wapi, kwa gharama ya nani, ikiwa ataachwa mwaka wa pili. Majibu yaandikwe ndani ya mkataba, kabla hajatia sahihi.