Usiivue Senesio Majani Yake Makavu

Katika Bonde la Barranco, upande wa kusini-magharibi wa Kilimanjaro, karibu mita 4,000 juu ya usawa wa bahari, husimama mimea mirefu kuliko mtu, yenye shina nene na kishungi cha majani mapana kileleni. Waongoza watalii huiita senesio. Jina lake la kisayansi ni Dendrosenecio kilimanjari. Ni jamii moja na alizeti, na duniani kote haioti porini ila katika mlima huu. Mlima Kenya, Elgon na Ruwenzori nako kuna senesio, lakini za spishi nyingine.

Senesio haidondoshi majani yaliyokufa. Hubaki yameshikamana na shina, tabaka juu ya tabaka, kama blanketi chakavu. Wapo wanaoyaona ni takataka. La hasha, ndiyo kinga yake.

Huko juu jua huchoma mchana na baridi hugandisha karibu kila usiku. Hatari kubwa huja asubuhi. Jua likishayapiga majani mabichi, yanaanza kupoteza maji papo hapo, na maji ya kufidia lazima yapande kupitia shina. Shina likiwa limeganda, hayapandi, na mmea unakauka ilhali udongo una maji. Majani makavu hulikinga shina lisigande, na kiini chake laini huweka akiba ya maji. Kileleni nako majani mabichi hujikunja jioni yakafunika chipukizi changa.

Kuchanua kwake ni nadra. Miaka mingi hupita kwanza. Kisha kikonyo kirefu chenye maua ya manjano huchomoza kileleni. Mbegu zikishapevuka ncha ile hufa, na matawi huchipua chini yake. Kwa hiyo panda za senesio ni kumbukumbu ya misimu yake ya maua, na kwangu hilo ndilo jambo zuri kuliko yote katika mmea huu.

Adui wa majani hayo makavu ni moto. Oktoba 2020, na tena Oktoba 2022, moto uliunguza maeneo makubwa ya uoto wa juu wa Kilimanjaro. Kuwasha kuni mlimani kumekatazwa, na ni haki. Lakini hata kunyofoa konzi moja ya majani makavu ya kukalia ni kuidhuru senesio, kwa sababu majani mapya huota kileleni tu. Sehemu ya shina iliyovuliwa haifunikwi tena.