BAHARI YA ZAMANI CHINI YA MIGUU YETU

Ndugu msomaji, kutoka Msata hadi Bagamoyo ni kilomita 64 hivi. Je, unajua kwamba zamani sana bahari ilifunika sehemu kubwa ya nchi hii unayopita? Ushahidi umo ardhini.

Upande wa Lugoba kuna mawe magumu sana. Watu huyapasua kupata kokoto. Hiyo ndiyo miamba ya kale zaidi katika eneo hili. Ukielekea baharini utakuta mawe laini ya mchanga, ya udongo na ya chokaa. Mawe hayo yalitokana na mchanga na matope yaliyotua majini. Yalilala tabaka juu ya tabaka, kama mikeka iliyotandikwa. Mkeka wa chini ndio uliotandikwa kwanza.

Matabaka hayo yameinama kuelekea mashariki. Kwa hiyo tabaka linaloonekana juu huku bara, kule pwani limefunikwa na matabaka mapya zaidi.

Baadhi ya matabaka ya pwani ya Tanzania ni ya wakati uitwao Kretasia. Wakati huo ulianza miaka milioni 145 iliyopita, ukaisha miaka milioni 66 iliyopita. Jina hilo linatokana na neno la Kilatini lenye maana ya chaki.

Matabaka haya yana faida gani? Tazama kisiwa cha Songo Songo, Kilwa. Mwaka 1974 gesi asilia iligunduliwa huko katika mawe ya mchanga ya Kretasia. Mawe hayo yana vitundu vidogo sana, na gesi imo humo. Juu yake kuna mawe ya udongo mzito. Hayo huizuia gesi isitoke, kama mfuniko wa chungu. Tangu mwaka 2004 gesi hiyo hupita katika bomba hadi Dar es Salaam kuzalisha umeme.

Kisima nacho ni hivyo hivyo. Mchanga hupitisha maji na kuyahifadhi. Udongo wa mfinyanzi huyazuia. Tena, tabaka lililotua baharini huweza kuwa na chumvi. Mtu anaweza kuchimba siku nyingi, akapata maji yasiyonyweka. Nguvu zake zimepotea.

Kwa hiyo, kabla ya kuchimba fanya haya:

1. Waulize majirani waliochimba walikuta nini, na kwa kina gani.
2. Pata ushauri wa wataalamu wa maji wa wilaya.
3. Unapochimba, andika kila tabaka katika daftari: kina chake, rangi yake, ni mchanga au udongo.
4. Maji yakipatikana, yapimwe kabla ya kunywewa.

Ndugu msomaji, sasa unajua kusoma na kuandika. Kazi ya daftari unaiweza. Visima vikiandikwa vyote, kijiji kitajua mahali pa kuchimba na mahali pa kuacha. Atakayechimba kesho hatarudia kosa la jana.

Maswali ya kujadili:
Katika kijiji chenu, ni visima vipi vina maji ya chumvi? Vilipochimbwa, yalionekana matabaka gani?